Jinsi ya kuunda filimbi inayotawala wakati ndani ya gemu

Mwongozo huu ni wa anayetengeneza gemu na anataka mchezaji ashike filimbi, apulize noti tano, na dunia nzima ipunguze mwendo, ikimbie, isimame au irudi nyuma. Unafaa kwa injini yoyote ya gemu inayokupa muda uliopita kati ya fremu na fremu (fremu ni picha moja ya skrini), na karibu zote hukupa. Hesabu zilizomo hazizidi za sekondari.

Kuna kanuni moja ya kushika tangu mwanzo: filimbi isitii wakati inaoutawala. Hitilafu nyingi za kazi hii, hata zile zinazoonekana hazihusiani, hutokea pale saa moja inapotumika mahali palipohitaji mbili. Ndiyo maana hatua ya kwanza ni ndefu, na haifai kurukwa hata kama una hamu ya kusikia filimbi ikilia.

Hatua ya 1: Tenganisha saa

Gemu linalokwenda fremu 60 kwa sekunde hupata takriban milisekunde 16.7 kwa kila fremu. Huo ndio muda halisi. Uzidishe kwa kizidisho tutakachokiita k, na unapata muda wa dunia:

muda_wa_dunia = muda_halisi × k

k ikiwa 1 mambo ni ya kawaida, 0.5 ni nusu mwendo, 2 ni mara mbili, 0 ni kusimama. Usiandike k ndani ya msimbo wa kila adui na kila mshale. Iweke mahali pamoja, na kila kitu kiulize muda kutoka hapo. Ukiisambaza, kuna siku kitu kimoja kitazidishwa mara mbili, nawe utapoteza saa nyingi ukishangaa kwa nini mawe yanaanguka polepole kuliko majani.

Sasa pitia gemu lako lote na uorodheshe kila kinachohesabu muda. Saa ya dunia iendeshe maadui, mishale, maji, moto, mawingu, milango inayojifunga na mabomu yanayosubiri kulipuka. Saa halisi iendeshe upimaji wa noti, mwendo wa vidole juu ya filimbi, kipimo cha pumzi, menyu, maandishi ya mazungumzo, na mabadiliko ya k yenyewe.

Hili la mwisho ndilo huwanasa wengi. Chukua mfano huu: mchezaji anasimamisha wakati, na msimbo unasema “subiri sekunde 4, kisha rudisha k kuwa 1”. Kama zile sekunde 4 zinahesabiwa na saa ya dunia, hazitaisha kamwe, maana saa ya dunia imesimama. Mchezaji ataona gemu limekwama, na hakuna ujumbe wowote wa kosa utakaokuonyesha pa kutazama. Injini nyingi zina amri mbili za kusubiri, moja inayofuata kizidisho na nyingine isiyokifuata. Hakikisha unajua ipi ni ipi kabla ya kuendelea.

Mwili wa mchezaji ni uamuzi wako. Ukiuacha kwenye saa ya dunia, kupunguza wakati kunampa nafasi ya kufikiri tu. Ukiuweka kwenye saa halisi, k ya 0.5 inamfanya awe na kasi maradufu mbele ya maadui wake, na hapo filimbi inakuwa na nguvu inayohisiwa mikononi. Tunashauri saa halisi, kwa sharti moja: mvutano wa ardhi unaomvuta mchezaji nao utumie saa halisi. Miguu ikienda kwa saa moja na mvutano kwa saa nyingine, ataruka kama puto.

Ipo na saa ya tatu, ya sauti. Kadi ya sauti huhesabu sampuli, yaani vipimo vidogo vya wimbi la sauti, kwa kawaida 44,100 au 48,000 kwa sekunde, na haiyumbi kama fremu zinavyoyumba. Muziki wowote unaopaswa kukaa kwenye mdundo upangwe kwa saa hiyo. Kwa midundo 120 kwa dakika, mdundo mmoja ni nusu sekunde, yaani sampuli 24,000 kwenye mfumo wa 48,000.

Hatua ya 2: Chagua noti

Noti tano zinatosha, na ziwe za ngazi ya sauti tano: do, re, mi, sol, la. Ngazi hii haina nusu-toni (hatua ndogo kabisa kati ya noti mbili) kati ya noti zake, hivyo mchezaji akibonyeza ovyo bado kinachotoka kinasikika kama muziki. Ukiweka fa na ti, nusu ya majaribio yake yatamkera yeye na waliokaa karibu naye.

Kwa filimbi ya sauti ya juu tumia masafa haya, yaani idadi ya mitetemo kwa sekunde (Hz): do 523.25 Hz, re 587.33, mi 659.26, sol 783.99, la 880. Zote zinatokana na la ya kawaida ya 440 Hz, ambapo kila nusu-toni ni kuzidisha kwa takriban 1.0595.

Tuni moja ya noti tano ina mipangilio 3,125 inayowezekana, kwa hiyo hatari ya mchezaji kuipiga bila kukusudia ni ndogo. Mfano tutakaoutumia ni la, mi, sol, re, do. Ukitaka tuni zaidi ya moja, hakikisha hakuna iliyo fupi inayojitokeza ndani ya iliyo ndefu, la sivyo ile ndefu haitapigwa hadi mwisho.

Hatua ya 3: Tengeneza sauti ya filimbi

Unaweza kurekodi filimbi halisi, lakini sauti ya kuunda kwa hesabu ni rahisi kuiongoza. Anza na wimbi la sini kwenye masafa ya noti. Ongeza wimbi la pili lenye masafa maradufu kwa asilimia 10 ya nguvu ya lile la kwanza. Changanya kelele kidogo ya pumzi, asilimia 3 hadi 5, iliyopitishwa kwenye kichujio ili ibaki karibu na masafa ya noti. Noti ipande kwa milisekunde 40 na ishuke kwa milisekunde 120. Mtetemo wa sauti uwe wa mara 5 kwa sekunde, upande na kushuka kwa moja ya tano ya nusu-toni, nao uanze baada ya noti kushikiliwa kwa sekunde 0.4. Mtetemo unaoanza papo hapo huifanya filimbi isikike kama king’ora.

Ukisikia “tak” kila noti inapokwisha, umelikata wimbi likiwa halijafika sifuri. Hata noti fupi kabisa inahitaji milisekunde 5 hadi 10 za kushuka.

Angalia pia ucheleweshaji. Akiba ya sauti, yaani sampuli zinazokusanywa kabla ya kupigwa, ikiwa ya sampuli 512 kwenye 48,000 huongeza karibu milisekunde 11, na ya 2,048 huongeza karibu 43. Ucheleweshaji huo wa pili unahisiwa wazi kwenye vidole. Shuka hadi 512 kama mashine inaruhusu bila sauti kukatika.

Hatua ya 4: Pima tuni

Hapa ndipo filimbi inapata roho yake. Badala ya kuwa na tuni moja ya kupunguza na nyingine ya kuharakisha, acha mwendo wa upigaji wenyewe uamue. Akipuliza polepole, dunia inakwenda polepole. Akipuliza haraka, dunia inakimbia. Mchezaji hahitaji maelezo ya skrini kulielewa hilo.

Kila noti inapobonyezwa, hifadhi jina lake na saa halisi iliyobonyezwa. Weka noti tano za mwisho tu. Zikilingana na tuni, una nafasi nne kati ya noti na noti. Zipange kuanzia ndogo hadi kubwa, kisha chukua wastani wa zile mbili za katikati. Usichukue wastani wa zote nne. Tuseme nafasi ni sekunde 0.50, 0.52, 0.90 na 0.48, yaani mchezaji alisita mara moja akitafuta kitufe. Wastani wa zote ni 0.60, wa mbili za katikati ni 0.51. Kwa mipaka tunayoitoa hapa chini, ile 0.60 ingepunguza dunia hadi nusu bila yeye kutaka.

Mipaka ni hii:

- zaidi ya sekunde 0.84: k ni 0.25
- kati ya 0.59 na 0.84: k ni 0.5
- kati ya 0.42 na 0.59: k ni 1
- chini ya 0.42: k ni 2

Imetokana na kugawa nusu sekunde kwa nafasi iliyopimwa kisha kuzidisha jibu kwa lenyewe. Bila hatua hiyo ya pili, mchezaji angelazimika kukaa sekunde mbili kati ya noti na noti ili kupata robo mwendo, jumla sekunde nane za kupuliza huku adui yuko mbele yake. Sasa ni sekunde nne. Mipaka haikuwekwa nusu kwa nusu kati ya viwango, kwa sababu mwendo huhisiwa kwa uwiano: kutoka 0.5 hadi 1 ni hatua ileile kama kutoka 1 hadi 2.

Nafasi ikizidi sekunde 1.5, futa noti zote na uanze upya. Ikiwa chini ya 0.12, puuza tuni nzima, maana huko ni kubonyeza kwa fujo. Na tuni ikishatambuliwa, futa kumbukumbu ya noti mara moja, isije mabaki yake yakachanganyika na tuni inayofuata.

Mambo mawili huharibika hapa. La kwanza ni kupima nafasi kwa saa ya dunia. Dunia ikiwa kwenye robo mwendo, sekunde moja ya mchezaji inahesabiwa kuwa 0.25, na tuni aliyoipiga taratibu kabisa inasomeka kuwa ya haraka. Filimbi itaonekana ina wazimu, ikiruka kutoka 0.25 hadi 2 kila inapopigwa. La pili ni kusoma kitufe kwa fremu badala ya saa ya tukio lenyewe. Gemu likishuka hadi fremu 30 kwa sekunde, kosa linafika milisekunde 33, na kwenye nafasi ya sekunde 0.35 hiyo ni karibu asilimia 10. Mifumo mingi huambatanisha muda na kila tukio la kitufe, utumie huo.

Hatua ya 5: Badilisha k taratibu

k isiruke. Ichukue sekunde 0.3 za saa halisi kufika kiwango kipya. Ukitumia saa ya dunia, kadiri k inavyoshuka ndivyo mpito wenyewe unavyopungua mwendo. Ukielekea sifuri hautafika, na ukitoka sifuri hautaanza.

Badilisha kipeo, siyo k yenyewe: andika k kama 2 iliyopandishwa kwa e, kisha sogeza e kutoka 0 hadi −2. Sikio litausikia mshuko ulio sawa tangu mwanzo hadi mwisho. Kwa kusimamisha kabisa, shuka hadi 0.05, zima sauti za dunia, kisha weka 0.

Kabla ya kuruhusu sifuri, tafuta kila mahali msimbo unapogawa kwa muda wa dunia, mathalani unapokokotoa kasi kwa kugawa umbali kwa muda. Kugawa kwa sifuri hutoa thamani isiyo namba, na thamani hiyo huambukiza kila kinachoguswa nayo. Dalili yake ni kitu kutoweka kwenye skrini wakati unaposimama, na kisirudi tena.

Hatua ya 6: Fizikia

Injini nyingi hukokotoa fizikia kwa hatua isiyobadilika, mara nyingi sekunde 0.02, yaani hatua 50 kwa sekunde. k ikiwa 0.25, hatua 12.5 tu zinapita katika sekunde moja halisi, na kwenye skrini ya fremu 60 vitu vitaonekana vikirukaruka. Dawa ni kuchora kila kitu mahali palipo kati ya hatua mbili za mwisho, kulingana na muda uliokwisha kupita. Injini nyingi zina chaguo hilo tayari. Kupunguza hatua hadi 0.005 nako kunalainisha mwendo, lakini kunabadilisha kidogo matokeo ya migongano na miruko, hivyo fumbo linalotegemea jiwe kutua mahali fulani linaweza kukataa.

k ikiwa 2, usiiongeze hatua iwe 0.04 ili kuipunguzia mashine kazi. Mshale wa mita 20 kwa sekunde husogea mita 0.4 kwa hatua ya 0.02, na ukuta wa nusu mita unauzuia. Kwa hatua ya 0.04 unasogea mita 0.8 na unaweza kutokea upande wa pili bila kugusa chochote. Acha 0.02, kubali hatua 100 kwa sekunde, na weka kikomo cha hatua 5 kwa fremu moja. Bila kikomo, mashine dhaifu itachelewa, deni la hatua litakua, nayo itachelewa zaidi hadi gemu ligande.

Hatua ya 7: Kurudisha wakati nyuma

Mpe mchezaji njia tofauti na tuni: ashikilie noti ya la, na kadiri anavyoishikilia ndivyo dunia inavyorudi. Anapoachia, inaendelea kutoka pale. Usijaribu kulifanya hili kwa k hasi. Fizikia haiwezi kukokotolewa kinyumenyume. Kikombe kilichovunjika hakijui kilikuwa wapi. Lazima uwe umeandika.

Kwa kila kitu kinachosogea hifadhi mahali (baiti 12), mwelekeo (16), mwendokasi (12), mwendo wa kuzunguka (12), na nafasi katika mwendo wake wa kuchorwa (4). Jumla baiti 56. Vitu 200, mara 60 kwa sekunde, kwa sekunde 10, ni baiti 6,720,000. Ukirekodi mara 20 kwa sekunde na kukadiria hali za katikati, inashuka hadi 2,240,000, na jicho halioni tofauti. Tumia foleni ya duara: rekodi mpya iandikwe juu ya ile iliyo kongwe zaidi, na kumbukumbu haitaongezeka kamwe.

Wakati wa kurudisha, zima fizikia kwa vitu vyote vilivyorekodiwa na uviweke mahali pake moja kwa moja. Mchezaji anapoachia noti, washa fizikia na urudishe mwendokasi uliohifadhiwa. Ukiusahau, mpira uliokuwa hewani utaanguka wima kama jiwe.

Mambo mengine manne yanahitaji uangalifu. Kitu kilichoharibiwa usikifute. Kifiche, na kifutwe baada ya sekunde 10 kupita, kwa sababu kinaweza kuhitajika kurudi. Kitu kilichozaliwa ndani ya muda unaorudishwa kifichwe pia. Kitu kilichohama ghafla, kwa mfano kupitia mlango wa kichawi, kiwekewe alama kwenye rekodi ili usikadirie katikati, vinginevyo kitaonekana kikiteleza kuvuka ramani nzima. Na hali ya kizalisha namba za bahati nasibu ihifadhiwe pamoja na rekodi, kama unataka adui afanye uamuzi uleule. Usipoihifadhi, mchezaji anaweza kurudisha wakati hadi sanduku limpe dhahabu.

Mchezaji mwenyewe asirudishwe. Lakini sanduku linalorejea linaweza kumkuta amesimama mahali pake, hivyo kabla ya kuwasha fizikia kagua kama kuna mwingiliano na umsukume nje kwa njia fupi zaidi.

Hatua ya 8: Sauti za dunia

Sauti ikipigwa kwa nusu mwendo hushuka oktava moja (masafa yake yanakuwa nusu), kwa robo hushuka mbili, kwa mara mbili hupanda moja. Kwa upepo, maji na mapigano, hilo ni zuri, liache. Kwa maneno ya watu ni vibaya, kwa sababu chini ya k ya 0.8 hivi maneno huanza kupotea. Yaache mazungumzo kwenye mwendo wa kawaida. Muziki wa nyuma nao usiushushe: upitishe kwenye kichujio kinachokata masafa ya juu ya 800 Hz, usikike kana kwamba unatoka chumba cha pili. Filimbi haiguswi na chochote kati ya haya. Ikishuka pamoja na dunia, tuni ya pili itakuwa kwenye ufunguo tofauti na ya kwanza, na mchezaji aliyeijifunza kwa sikio atapotea.

Hatua ya 9: Pumzi

Nguvu isiyo na gharama huachwa ikiwaka gemu zima. Mpe mchezaji pumzi ya sekunde 6 za saa halisi kwa k yoyote isiyo 1, na kurudisha nyuma kutumie pumzi mara mbili. Ikihesabiwa kwa saa ya dunia, k ya 0.25 ingempa sekunde 24. Gemu la wachezaji wengi mtandaoni ni jambo jingine: wakati wa mmoja haupungui bila wa wenzake, hivyo filimbi iwaguse wote au isiwepo.

Hatua ya 10: Jaribu

Jenga chumba kitupu chenye vitu viwili. Cha kwanza ni pendulo ya mita 1 inayobembea kwa pembe ndogo. Kwa mvutano wa 9.8, mbembeo mmoja wa kwenda na kurudi ni sekunde 2.01, hivyo kumi ni kama 20.1. Shika saa ya mkononi: kwa k ya 0.5 mibembeo kumi ichukue 40.1, kwa 2 ichukue 10. Namba zikikataa, kuna kitu kinazidishwa mara mbili au hakizidishwi kabisa.

Cha pili ni mpira unaorushwa juu kwa mita 5 kwa sekunde. Unafika karibu mita 1.28, hatua ya 0.02 inaweza kuupunguza au kuuongeza kama sentimita 5. Kimo hicho kiwe kilekile kwa kila k. Kikibadilika, mtu amezidisha mvutano au mwendokasi wenyewe kwa k badala ya muda.

Kisha simamisha wakati, fungua menyu, funga menyu, acha pumzi iishe. Menyu nyingi husimamisha gemu kwa kuweka k kuwa 0 na kulirudisha kwa kuweka 1, na hivyo hufuta kazi ya filimbi bila taarifa. Menyu iwe na kizidisho chake, na k ya mwisho iwe zao la vizidisho viwili: cha menyu na cha filimbi.